Bango lisilouza kitu: nani analipa, nani anaamua

Kuna mabango yanayowaacha watu na maswali. Ni makubwa kama mengine yote, yamesimama palepale yanaposimama ya sabuni na ya mitandao ya simu, ila hayana bei, hayana namba ya kupiga, hayana mtu anayechekea chupa ya soda, ni picha tu ya mawingu au sura ya mzee fulani usiyemjua, na kule chini pembeni jina la msanii limeandikwa kidogo kiasi kwamba ukiwa ndani ya gari hulisomi. Wengi wakiliona wanasema haya, hizi ni zile mbwembwe za makampuni, wanatuvuta kidogokidogo, wiki ijayo watatuambia wanauza nini. Wiki ijayo inafika, hakuna wanachouza.

Mara nyingi nyuma ya bango la hivyo kuna shirika lisilo la faida. New York kuna SaveArtSpace, lipo tangu 2015, kumekuwa na jingine linaitwa 14x48 ambalo jina lake ni vipimo vya bango lenyewe, futi 14 kwa 48, na Los Angeles kuna The Billboard Creative. Ukitaka kueleza kazi yao haraka utasema wanachukua nafasi ya tangazo wanaweka kazi ya sanaa, basi. Ila ukianza kuuliza hela inatoka wapi, ruhusa anatoa nani, msanii anapata nini, na mwenye bango anafaidika vipi mpaka akubali, ndo unaona mafundo yalivyo mengi, na wale wanaobishana kila siku kuhusu hii kitu, huku wanasema sanaa imerudi kwa wananchi, kule wanasema hao wanatumika tu na makampuni, kila mmoja ameshika fundo lake moja na hataki kuliachia.

Mimi naona ukitaka kuelewa anza na jambo moja: hili shirika ni mpangaji. Halina ukuta, halina nguzo, halina kibali cha kusimamisha nguzo. Linaingia kwenye nyumba iliyojengwa kwa ajili ya biashara ya matangazo, kwa vipimo vya biashara hiyo, kwa muda unaopimwa na biashara hiyo. Karibu kila kinachokushangaza kuhusu sanaa ya mabango, kizuri na kibaya, kinatokana na huo upangaji.

Bango ni la nani kwanza

Watu wanadhani bango ni la yule ambaye tangazo lake liko juu. Hapana. Chini kabisa kuna mwenye kiwanja au mwenye jengo, huyu anakodisha kipande cha ardhi yake au paa lake. Juu yake kuna kampuni ya mabango, ndo inayosimamisha nguzo na fremu, inayolipia vibali, inayolipa umeme wa taa, halafu inaukodisha uso wa bango kwa wateja kwa vipindi, Marekani kipindi cha kawaida ni wiki 4, Uingereza ni wiki 2. Mteja ni wa tatu. Na pembeni kuna serikali ya mji, ambayo pale haina hata boliti moja lakini ikisema teremsha, mnateremsha.

Shirika la sanaa linaingia kama mteja, kwenye foleni moja na benki na kampuni za bima. Sasa mteja asiye na hela anapataje nafasi? Njia ya kwanza ni kulipa kama mtu mwingine yeyote: shirika linachangisha, linaomba ruzuku, linakwenda kununua wiki zake 4, linapewa mkataba. Ni njia ghali na ndo safi kuliko zote, kwa sababu ukishalipa bei yako hakuna wa kukuondoa katikati.

Njia ya pili ndo inayotumika sana na ndo yenye mambo. Siku ya bango ikipita haijauzwa imepotea, huwezi kuiweka stoo ukaja kuiuza mwezi ujao. Kwa hiyo kila kampuni ya mabango wakati wowote ina nafasi zilizolala, na bango lililolala lina aibu yake, tangazo la zamani limepauka juani, kona imechanika inapigapiga na upepo, au mbaya zaidi wameandika nafasi hii inapangishwa na namba ya simu, ambayo ni kumwambia kila mpita njia kwamba hapa hakuna anayetaka kutangaza. Shirika la sanaa likija na kusema tupe hiyo nafasi kwa bei ya chini au bure, sisi tutachapisha wenyewe, kampuni inapiga hesabu na kuona haipotezi kitu. Bango linaonekana hai, wenye mji wanaona kampuni ina moyo, waandishi wa habari wanakuja kupiga picha. Kwenye nchi nyingine mchango wa namna hiyo unaweza hata kupunguza kodi, ingawa hapo sheria zinatofautiana mno na sitaki kumdanganya mtu.

Lakini mpangaji wa bei ya huruma ana masharti yake. Akija mteja wa kweli mwenye hela yake, sanaa inahamishwa au inateremshwa, na mkataba mara nyingi unasema hivyo waziwazi. Pili, nafasi iliyolala imelala kwa sababu fulani: iko nyuma ya mti, inatazama upande ambao magari yanaondoka badala ya kuja, au iko mtaa wa viwanda ambako watangazaji hawaoni wateja wao. Hapo ndo penye mjadala mmoja ambao naupenda sana, maana mashirika mengi yanajieleza kwamba yanapeleka sanaa kwenye mitaa isiyo na makumbusho wala majumba ya maonyesho, na ni kweli kabisa inafika huko, ila ukiangalia na upande wa pili utakuta huko ndiko nafasi zilikokuwa rahisi. Vyote viwili ni kweli kwa wakati mmoja. Mtu anayekwambia ni roho nzuri tupu anakuficha kitu, na anayekwambia ni makombo tupu naye anakuficha kitu.

Wapo waliofanya kinyume, wakachagua barabara kwanza halafu wakaitafutia mabango. Kati ya 2013 na 2015 shirika la Los Angeles Nomadic Division, wanajiita LAND, lilitundika kazi za wasanii kwenye mabango kando ya barabara kuu ya I-10, ile inayokata Marekani kutoka Florida mpaka California, likienda jimbo kwa jimbo kuelekea magharibi. Pale mahali penyewe palikuwa sehemu ya kazi, maana mradi ulihusu ile imani ya zamani ya Wamarekani kwamba nchi yote mpaka bahari ya magharibi waliandikiwa wao. Mradi wa namna hiyo huwezi kuujenga kwa makombo.

Njia ya tatu ni sekta nzima ya matangazo ikiamua kujitolea. Uingereza mwaka 2013 walifanya Art Everywhere, kazi 57 zilizopigiwa kura na wananchi zikatokea kwenye mabango na vibao kama 22,000, na mwaka uliofuata Marekani wakaiga, kazi 58 kutoka makumbusho makubwa matano, sehemu kama 50,000, na kura nyingi kuliko zote ikapata Nighthawks ya Edward Hopper, ile ya watu waliokaa usiku kwenye mgahawa wenye taa kali. Zote mbili zilifanyika Agosti, watu wengi wakiwa likizo, na mimi sidhani ilikuwa bahati tu. Angalia na kazi zilizochaguliwa: karibu zote tayari zilikuwa maarufu. Sekta ya matangazo ilitaka kuonyesha nguvu ya mabango, na picha inayojulikana inaonyesha hiyo nguvu vizuri kuliko ya binti aliyemaliza chuo juzi. Siyo dhambi, ila usichanganye hiyo na shirika dogo linalotafutia nafasi wasanii wasiojulikana.

Nafasi ya bure siyo bure

Hata ukipewa bango kwa sifuri bado kuna kuchapisha lile turubai la plastiki na kuna mafundi wa kupanda kulifunga, na hao hawapandi kwa ajili ya sanaa, wanalipwa kama siku nyingine yoyote. Zidisha hiyo kwa mabango 10 au 20 ya maonyesho mamoja. Ndo maana mashirika mengi yana mfumo wa mwito wa wazi: wanatangaza mada, wasanii wanatuma picha za kazi zao, na kila picha inalipiwa ada kidogo, halafu jopo la wachaguzi linapitia linateua wachache. Ada za wale mamia waliokosa ndo zinachapisha turubai za wale wachache waliopata.

Hapa wasanii wamegawanyika, na wana haki ya kugawanyika. Upande mmoja unasema ada ndogo ni mchango, umechangia bango la mwenzako leo kesho atachangia lako. Upande mwingine unasema hii ni bahati nasibu, msanii maskini ndo anafadhili shirika wakati mfadhili tajiri anaweka nembo yake. Msimamo wangu: ada siyo tatizo kama shirika linasema wazi zimekusanywa ngapi na zimeenda wapi, na kama aliyechaguliwa analipwa chochote. Shirika linalomlipa mwenye bango, mchapaji, fundi wa kupanda na mhasibu, halafu likamwambia msanii wewe malipo yako ni kuonekana, hilo lina tatizo hata kama picha ni nzuri namna gani, kwa sababu kwenye ule mnyororo mzima aliyeleta kitu chenyewe ndo pekee aliyefanya kazi bure.

Na kuna suala la hakimiliki linalosahaulika. Msanii anapokubali, kinachotoka mikononi mwake ni ruhusa ya kuichapisha picha kwa muda fulani mahali fulani, kazi inabaki yake. Sasa soma mistari midogo: ruhusa inaisha bango likiteremshwa, au inaendelea kwenye kalenda, fulana na matangazo ya kampuni ya mabango yenyewe? Wenye mabango wanapenda sana kuzionyesha hizi picha kwa wateja wao wanapotafuta biashara.

Kutoka studio mpaka nguzoni

Hii sehemu watu wanairuka na mimi naona ndo yenye utamu. Bango kubwa la kawaida la Marekani ni futi 14 kwa 48, yaani karibu mita 4.3 kwa 14.6. Ni refu kwa upana mara tatu na zaidi ya kimo chake, umbo ambalo karibu hakuna mchoraji anayelitumia. Chukua picha ya kamera ya kawaida, yenye uwiano wa 3 kwa 2. Ukiitandaza ijaze upana wa futi 48 inahitaji kimo cha futi 32, na wewe unazo 14. Zaidi ya nusu ya picha inakatwa. Au unaiacha nzima katikati na pande mbili zinabaki tupu, na hapo unakuwa umelipia bango ukatumia chini ya nusu yake. Ndo maana mashirika makini yanamtaka msanii afikirie umbo mapema, na yasiyo makini yanakata yenyewe halafu msanii anaiona kazi yake haina miguu.

Kinachofuata kinashangaza zaidi, nacho ni ubora wa picha. Kitabu kinachapishwa kwa nukta 300 kwa kila inchi. Ukisema bango nalo lichapishwe hivyo utahitaji picha yenye pikseli 172,800 kwa 50,400, yaani pikseli bilioni 8 na ushee, kompyuta yako itaomba msamaha. Lakini bango linatazamwa kutoka mbali, kwa hiyo hata nukta 15 kwa inchi zinaweza kutosha, na hapo unahitaji pikseli 8,640 kwa 2,520 tu, kamera nzuri ya siku hizi inafika huko. Ukisimama chini kabisa ya bango ukatazama juu unaona vidoa tu vya rangi, picha haipo. Picha inajiunga ukirudi nyuma. Mchoraji aliyetumia miezi miwili kwenye vinyweleo vya mkono wa mama yake anatakiwa kuambiwa hilo mapema.

Na muda. Gari likienda kilomita 80 kwa saa linakata mita 22 kila sekunde, kwa hiyo mtu anayeanza kuliona bango vizuri akiwa mita 150 ana sekunde 7 hivi, na kwenye hizo sekunde anatakiwa pia kuangalia barabara. Watu wa matangazo wana kanuni yao kwamba maneno yasizidi saba. Jumba la maonyesho linakupa benchi ukae, hapa hupewi kitu. Faraja ni kwamba yule dereva anapita kila siku, mwezi mzima, na picha ambayo haikueleweka Jumatatu inaweza kuanza kueleweka wiki ya tatu, jambo ambalo kwenye makumbusho halitokei kwa sababu wengi wetu tunaenda mara moja.

Kazi ninayoiona ililielewa hili kuliko nyingine ni ya msanii Felix Gonzalez-Torres. Ni picha ya rangi nyeusi na nyeupe ya kitanda kisichotandikwa, shuka limekunjamana, mito miwili, na kila mto una shimo pale kichwa kilipolala. Hakuna neno hata moja. Mwaka 1992 makumbusho ya MoMA yaliitundika kwenye mabango 24 sehemu mbalimbali za New York. Mpenzi wake, Ross Laycock, alikuwa amefariki kwa UKIMWI mwaka 1991. Bango halikusema hivyo, wala halikuwa na namba ya simu ya ushauri nasaha. Dereva alikuwa anaona kitanda cha watu wawili walioamka, au walioondoka, katikati ya mji ambao wakati huo ulikuwa unazika vijana wengi, na pembeni yake mabango ya jeans na sigara yakiendelea kama kawaida. Ukiiweka picha hiyohiyo ukutani ndani ya makumbusho bado ni nzuri, lakini inakuwa picha ya kitanda ndani ya makumbusho. Nje ilikuwa chumba cha mtu kimeachwa wazi barabarani.

Kwa skrini za dijitali hesabu inabadilika. Chukua mzunguko wa watangazaji 8, kila mmoja sekunde 8, mzunguko mzima sekunde 64. Shirika likipewa nafasi moja, kazi inatokea mara 1,350 kwa siku, ukijumlisha ni saa 3 kamili, ila kila mara inatanguliwa na tangazo la bima na kufuatwa na la kuku. Haipati hata sekunde ya kukaa peke yake. Pale Times Square, ule uwanja wa New York uliojaa skrini, wamelitatua kwa mtindo wao: tangu 2012 kuna Midnight Moment, kila usiku kuanzia saa 5 na dakika 57 mpaka saa 6 kamili skrini nyingi kwa pamoja zinaacha matangazo na kuonyesha kazi moja ya msanii mmoja. Dakika 3 tu, na ni saa ambayo bei ya tangazo siyo ya jioni, tusidanganyane. Lakini kwa zile dakika tatu hakuna kuku.

Mkasi uko mkononi mwa nani

Mpangaji hawezi kupaka nyumba rangi yoyote anayotaka, na hapa ndo watu wanapokasirika kweli. Kampuni ya mabango ina haki ya kukataa picha, iko kwenye mkataba, na inaangalia vitu vitatu: mwenye kiwanja atasemaje, wateja wakubwa watasemaje, mji utasemaje. Ukiongeza na mfadhili wa shirika na bodi ya shirika, picha inapita mikasi mitano kabla haijafika juani. Nyingi hazikatazwi hata, msanii mwenyewe anajikata mapema akijua haitapita.

Kisa cha Guerrilla Girls kinaonyesha vizuri, kwa sababu mkasi wa kwanza haukuwa wa kampuni. Mwaka 1989 kundi hili la wasanii wanawake wanaovaa vinyago vya sokwe liliombwa na Public Art Fund, shirika lisilo la faida la New York, litengeneze bango. Wakaenda makumbusho ya Metropolitan wakahesabu, wakakuta wanawake ni chini ya asilimia 5 ya wasanii kwenye sehemu ya sanaa ya kisasa, lakini ni asilimia 85 ya miili iliyochorwa uchi. Wakauliza kwenye bango kama lazima mwanamke awe uchi ndo aingie Metropolitan. Shirika likalikataa, likisema halieleweki vya kutosha. Wakakodi wenyewe nafasi za matangazo kwenye mabasi ya New York, likatembea mjini mpaka kampuni ya mabasi nayo ikavunja mkataba ikidai picha inaamsha mawazo mabaya. Mwenye mwelekeo mzuri alikataa, mfanyabiashara alikubali kwanza kisha akaogopa. Tangu nisome hicho kisa naona vigumu kusema shirika lisilo la faida lina ujasiri kuliko kampuni kwa sababu tu ya jina lake.

Na shirika hilohilo la Public Art Fund, tusilionee, ndo lililofungua mlango miaka michache kabla. Kuanzia 1982 lilikuwa linaweka wasanii kwenye ubao wa taa wa Spectacolor pale Times Square katikati ya matangazo ya biashara, Jenny Holzer akapitisha pale sentensi zake fupi kali, na 1987 Alfredo Jaar, mzaliwa wa Chile, akaonyesha ramani ya Marekani ikiwa na maandishi kwamba hii siyo Amerika, maana kwa watu wa kusini Amerika ni bara zima na siyo nchi moja iliyojimilikisha jina.

Siasa ndo pagumu zaidi. Mashirika yasiyo ya faida ya Marekani yenye hadhi ile ya kusamehewa kodi hayaruhusiwi kumpigia kampeni mgombea, kwa hiyo picha yenye sura ya mgombea karibu na uchaguzi ni kucheza na moto. For Freedoms, lililoanzishwa 2016 na wasanii akina Hank Willis Thomas na Eric Gottesman, lilikuja na ujanja wa kuchekesha: lilijisajili kwanza kama mfuko wa kampeni, ile aina inayoitwa Super PAC, likaweka sanaa mahali ambapo watu walitegemea tangazo la siasa. Mwaka huohuo bango lao moja mji wa Pearl, Mississippi, lilibandika kaulimbiu ya kampeni ya Trump juu ya picha ya 1965 ya waandamanaji wa haki za kiraia wakikabiliana na polisi kule Selma. Viongozi wakaja juu, wengine wakadhani wafuasi wa Trump ndo wameweka, wengine wakadhani wapinzani wake. Bila maelezo pembeni, kila mtu aliliona la adui yake. Mwaka 2018 wakaenda mbali zaidi, mabango kwenye majimbo yote 50.

Sheria nayo ina fundo lake. Je, picha isiyouza kitu ni tangazo? Kwenye kesi ya Metromedia dhidi ya San Diego, 1981, Mahakama Kuu ya Marekani iliifuta sheria ya mabango ya mji huo, na tatizo kubwa lilikuwa kwamba sheria iliyapa maneno ya biashara nafasi iliyoyanyima maneno yasiyo ya biashara. Kwa mashirika ya sanaa hiyo ni ngao nzuri. Ila mji ukiamua kuondoa mabango yote, ngao haina kazi. São Paulo ilifanya hivyo, sheria ya 2006 iliyoanza kazi Januari 2007 iliondoa mabango kama 15,000. Grenoble, Ufaransa, ikatangaza 2014 kwamba inaondoa vibao 326 vya matangazo na kupanda miti. Na hapa ndo swali linapomgeukia mpangaji: wewe unayesema matangazo yameujaza mji, siku mji ukitaka kuyaondoa utasimama na nani? Nguzo ikiondoka na wewe huna pa kutundika. Wale wa Brandalism, kundi la wasanii wanaopinga matangazo, hawana shida hiyo, wao mwaka 2015 wakati wa mkutano wa tabianchi Paris walifungua vibao vya matangazo bila kuomba mtu na kuweka picha 600 za kupinga, hawana mkataba kwa hiyo hawana wa kumwogopa zaidi ya polisi.

Kuna na mpangaji wa aina nyingine kabisa, serikali yenyewe. Mei 2015 manispaa ya Tehran ilibadilisha mabango kama 1,500 kuwa sanaa kwa siku 10, za Kiirani na za nje, kazi za wachoraji kama Rembrandt na Munch zikiwa juu ya barabara kuu. Watu walifurahi, foleni ya magari ikawa maonyesho. Lakini aliyechagua ni manispaa, na kilichokosekana pale kinaeleza mengi kama kilichokuwepo.

Kwa hiyo ukikuta mwito wa shirika la hivi na wewe ni msanii, au mfadhili, au una kiwanja chenye nguzo, uliza mambo ya upangaji. Nafasi imenunuliwa au imeazimwa, na akija mteja mwenye hela sanaa inahamia wapi? Nani ana neno la mwisho kukataa picha, na akikataa ada inarudi? Nembo ya mfadhili inakaa kwenye bango au kwenye barua tu? Halafu ulizia na lile turubai, maana wiki 4 zikiisha fundi anapanda tena, analikata, linaanguka chini likiwa mita za mraba 60 na kitu za plastiki iliyochapishwa, nyingi zinaishia jalalani, nyingine zinashonwa mabegi yanayouzwa na shirika. Kama mkataba hausemi ni la nani, msanii aandike mstari wake hapo kabla hajasaini.